Doriani la kuangua na doriani la kudondoka

SWALI: Shikamoo bwana shamba. Mimi naishi Iringa. Mwezi uliopita nilikuwa Unguja kikazi, nikanunua doriani, lile tunda la miiba lenye harufu kali, kwa mara ya kwanza maishani, nje ya soko la Darajani. Nililifunga kwenye mfuko wa nailoni nikalala nalo chumbani. Asubuhi mwenye nyumba ya wageni akaja juu, na bandarini nikakataliwa kupanda nalo boti. Kwa hasira nikalipasua kwa jiwe pale nje. Upande mmoja nyama ilikuwa nyeupe na ngumu kama kiazi kibichi, upande wa pili imelowa na inachoma ulimi kama pombe. Nilikosea wapi? Na je, ni kweli ukila doriani ukanywa bia au soda unakufa? Baba yangu ana sukari, anaweza kula? Mwisho, nimehifadhi makokwa manne kwenye droo, nataka kuyapanda huku Iringa.

JIBU: Marahaba mwanangu. Barua yako nimeisoma mara mbili, ya kwanza nikicheka, ya pili nikikuonea huruma. Wewe doriani hujalila bado. Ulichokula ni doriani changa lililoanguliwa kabla ya siku zake, likapiga chini, likapata jeraha ndani. Upande ulioumia ukachacha, upande mzima ukabaki mbichi. Doriani moja likiwa na vyumba viwili vyenye hali mbili tofauti namna hiyo, kwanza uliza lilishukaje mtini.

Huku kwetu Unguja tunasema kuna doriani la kuangua na doriani la kudondoka. Mdoriani ni mti mrefu, mkubwa kuliko mwembe wa shamba, na matunda yake yananing'inia kwenye matawi manene, hayatoki kwenye ncha. Tunda huchukua miezi mitatu hivi, au zaidi kidogo, tangu ua hadi kuiva. Likifika wakati wake kikonyo kinaachia chenyewe, na mara nyingi huwa usiku au alfajiri. Nilipokuwa mdogo shambani kwetu, msimu ukifika tulikuwa tunalala masikio wazi. Unasikia "puu!" gizani, na kila mtoto anajua mti gani na upande gani, lakini hakuna anayethubutu kutoka mpaka kupambazuke, maana doriani la kilo mbili na miiba yake likikupata kichwani si mchezo. Asubuhi tunakwenda kuokota, na mwenye kuwahi ndiye mwenye nalo.

Sasa msimu unapoanza bei huwa juu, na mwenye haraka ya pesa hangoji puu. Anapandisha kijana na fimbo ndefu, yanaanguliwa yaliyokomaa na yasiyokomaa, yanachanganywa kwenye kikapu kimoja na yanapelekwa mjini. Doriani lililokomaa barabara, hata likikatwa mtini, huiva lenyewe baada ya siku chache. Thailand ndivyo wanavyofanya karibu nchi nzima, kwa sababu wanasafirisha mbali: mkataji anahesabu siku tangu maua, anagonga tunda kwa kijiti akisikiliza mlio, ndipo anakata na mwenzake chini analidaka kwa gunia. Na kule muuzaji akikutwa na doriani changa sokoni anaweza kushtakiwa. Malaysia wao ni kama sisi, wanangoja lidondoke, na wengine wanatandaza nyavu chini ya miti lisiumie. Lililo changa kweli haliivi hata ulifunike na ndizi wiki nzima. Linalegea, linanuka kidogo, linakudanganya.

Kwa hiyo kosa lako la kwanza ni kumwamini muuzaji kwa maneno yake. Siku nyingine usimwulize kama ni zuri, kwani unatarajia akwambie baya? Shika tunda mwenyewe. Anza na kikonyo. Doriani la kudondoka kikonyo chake kinaishia pale kilipoachia, pana kovu laini la mviringo, na likiwa la leo pale pana unyevu. La kukatwa utaona alama ya kisu. Kikonyo kikikauka na kunyauka, tunda lina siku nyingi. Kisha lishike kwa kikonyo na kwa chini, ulitikise taratibu karibu na sikio. Likiiva, nyama hujitenga kidogo na ukuta, na utasikia kitu kinagonga ndani kwa upole, kama mtu anayebisha hodi na hataki kuamsha watoto. Likiwa kimya kabisa ni bichi. Likilia maji, limepita.

Halafu chukua miiba miwili iliyo jirani, ibane kwa vidole kama unataka ikutane. Ikisogea, ngozi imeanza kulegea. Ikigoma kama msumari, rudisha. Kagua kama kuna tundu dogo lenye unga unga, hapo pana mwenyewe ndani, yaani funza. Mwisho leta pua kwenye mistari inayotoka kitakoni, kule chini kusiko na kikonyo. Harufu iwe ya utamu mzito wenye kitunguu kwa mbali. Ikiwa ni ukali mtupu wa siki, liache hata kama ni la bure. Lililopasuka lenyewe usilinunue isipokuwa umeliona likidondoka, maana hewa ikishaingia nyama inaanza kuchacha saa ile ile.

Na ukubwa usikutie tamaa. Katika doriani, sehemu ya kuliwa ni robo hivi ya uzito, likiwa jema sana theluthi. Katika tunda la kilo mbili utapata nusu kilo ya chakula, zilizobaki ni ganda na makokwa. Mimi huchagua la wastani lenye umbo la kujaa pande zote. Penye mbonyeo kwa nje, mara nyingi chumba cha ndani hakina kitu.

Sasa jiwe. Mwanangu, jiwe! Doriani lina mlango wake. Ligeuze kitako juu uangalie pale miiba inapokutana. Utaona mistari mitano iliyofifia inayoshuka toka kitakoni kwenda kwenye kikonyo, kama mishono ya kofia. Miiba ya kulia na ya kushoto ya mshono imelala pande tofauti, ndivyo utakavyoutambua. Shika tunda kwa gunia au kitambaa kizito, weka ncha ya kisu kinene pale mishono inapokutana, isukume ndani kiasi cha vidole viwili, kisha zungusha mkono kama unafungua kufuli. Litalia "kra," na ufa utakimbia wenyewe. Hapo weka kisu chini, ingiza vidole gumba, lipanue. Ndani utakuta chumba cheupe laini kama sufi, na humo nyama imelala kwa safu, kila pande limevaa kokwa lake. Hakuna ulimbo kama wa fenesi, kwa hiyo hakuna haja ya kupaka mafuta mikononi.

Nimetaja fenesi kwa sababu watu wengi wa bara wanadhani haya ni matunda ya ukoo mmoja. Sivyo. Fenesi ni ndugu wa shelisheli na mkuyu. Mdoriani ukoo wake ni wa mbuyu, msufi, pamba, mkakao, hata bamia. Nawe ukipanda basi la Dar, ukifika Ruaha Mbuyuni tazama nje. Ile mibuyu iliyojaa bondeni ni jamaa wa doriani. Na vile vitunguu wanavyokuuzia dirishani vina salfa, na harufu ya salfa ndiyo iliyomfanya mwenye nyumba ya wageni aje juu.

Harufu yenyewe ni hesabu ya vitu viwili. Kuna vikemikali vya salfa, vya aina moja na vile vya vitunguu na vya gesi ya kupikia, na kuna vingine vyenye harufu ya matunda matamu na asali. Vikitenganishwa maabara hakuna hata kimoja kinachonuka doriani. Vikichanganywa ndipo linatokea. Mwaka 2017 wanasayansi wa Singapore walisoma jenomu yote ya doriani, yaani maelekezo yake yote ya urithi, wakakuta jeni kama 46,000, zaidi ya maradufu ya jeni zetu sisi binadamu zinazotengeneza protini, na wakakuta kwamba jeni zinazohusika na kutoa salfa zimejirudia na zinafanya kazi kwa nguvu tunda linapoiva. Kwao asili, misitu ya Borneo na Sumatra, harufu ile ni mwito kwa tembo na orangutani waje wale, wabebe makokwa mbali. Unguja hatuna tembo. Mwito unaitikiwa na watoto, na wanafika upesi kuliko tembo.

Jina lenyewe ni la huko huko, "duri" kwa Kimalei ni mwiba. Kwetu doriani ni mgeni aliyekuja kwa njia ya bahari, kama karafuu ilivyotoka Maluku na kama shokishoki, na wageni hawa wamekaa mpaka wamekuwa wenyeji. Kwa hiyo usijione mshamba ukishindwa mara ya kwanza. Alfred Russel Wallace, yule Mwingereza mtaalamu wa viumbe aliyezunguka visiwa vile katika karne ya 19, mara ya kwanza alipoletewa ndani ya nyumba kule Malacca harufu ilimshinda. Baadaye Borneo akaliokota lililodondoka, akalila nje, na tangu siku hiyo akawa mlaji wa doriani. Tazama mambo mawili yaliyobadilika hapo: lilikuwa la kudondoka, na lililiwa nje.

Wewe ulifanya kinyume cha yote mawili. Chumba kimefungwa, tunda limefungwa kwenye nailoni, nailoni haizuii salfa hata kidogo, na wewe umelala katikati. Mwenye nyumba ya wageni msamehe. Mashuka yake na mapazia yanashika harufu, na mteja wa kesho hatajali kwamba ilikuwa ya tunda. Singapore wana alama kabisa kwenye treni za mjini, picha ya doriani limepigwa mstari. Mwaka 2018 huko Melbourne, maktaba ya chuo kikuu kimoja ilibidi watu mamia watoke mbio wakidhani gesi inavuja, kumbe ni doriani lililosahauliwa kabatini. Na boti ni chumba kilichofungwa chenye watu ambao tayari matumbo yao hayajatulia kwa mawimbi. Baharia aliyekukatalia alijua anachofanya.

Ukitaka kusafiri nalo, usisafiri na tunda. Lile hapo hapo, nyama iliyobaki itoe na makokwa yake, itie kwenye chupa ya kioo yenye mfuniko wa kukaza au kopo lenye mpira, igandishe usiku kucha, na uwaulize wa boti kabla ya kukata tiketi. Kwenye friji ya nyumbani pia usiliweke wazi karibu na maziwa wala siagi. Nilifanya hivyo mwaka mmoja, mke wangu akapika chai ya maziwa kwa wageni, na mpaka leo shemeji yangu akija ananusa kikombe kwanza.

Ulaji wenyewe ni rahisi. La kudondoka lile siku ile ile, ikizidi sana kesho yake. Lifungue barazani au chini ya mti, upepo ukipita. Chukua pande moja kwa mkono, ukiligusa liwe kavu kwa nje, ngozi nyembamba kama ya maziwa yaliyopoa, na ndani lizame kidole. Uma hauna kazi hapa. Usilinuse tena, tia mdomoni. Pande la kwanza pua yako itapiga kelele, na usiamue chochote bado. La pili utaanza kuisikia ile krimu, kama maziwa mazito yaliyochanganywa na lozi na kitunguu kidogo cha kukaanga, tamu, na likiwa la mti mzee, na uchungu kidogo nyuma ya ulimi. Huo uchungu ndio mimi ninaoutafuta. Wamalei nao wapo wanaolipia zaidi doriani chungu kuliko tamu. Ukifika pande la tatu na bado hulitaki, basi si chakula chako, acha kwa amani, wala usimsikilize mtu anayekwambia eti hujui kula. Hata Mzanzibari yupo asiyeweza kukaa nalo meza moja. Mimi kaka yangu tumbo moja hawezi.

Ukimaliza, mimina maji kwenye ganda tupu na unawe vidole humo humo. Waasia wa Kusini Mashariki wamefanya hivyo miaka mingi, na wengine hutia maji na chumvi kidogo kwenye ganda wakayanywa kupunguza "joto" la tunda. Kwao doriani ni tunda la joto, linaliwa pamoja na tunda la mangostini ambalo ni la baridi. Bibi zetu nao walipanga vyakula kwa joto na baridi, kwa hiyo jambo hili halitamshangaza mtu wa pwani. Mimi nakunywa maji ya kawaida tu, mengi.

Hapo tumefika kwenye bia na soda. Pombe si fani yangu, lakini hili halikutungwa hewani. Mwaka 2009 watafiti wa Chuo Kikuu cha Tsukuba, Japani, walijaribu maabara na wakaona kwamba dondoo ya doriani inakizuia kimeng'enya kinachosafisha sumu ya pombe mwilini, kwa kiasi cha hadi asilimia 70. Hiyo ni kwenye chupa za maabara, si tumboni mwa mtu, lakini inaendana na wanayosema wazee wa kule: uso kuwaka, moyo kwenda mbio, kichefuchefu. Kwa hiyo viwili hivyo usivichanganye. Soda ni habari nyingine. Uvumi wa mtalii aliyekufa kwa doriani na kola umezunguka kwenye WhatsApp miaka mingi, na ni uvumi. Ila hebu fikiri, tunda lenyewe ni sukari na mafuta, unaongeza sukari ya nini?

Baba yako sasa. Gramu 100 za nyama ya doriani zina kalori 147 hivi, wanga gramu 27 na mafuta gramu 5. Nusu kilo ni kalori zaidi ya 700, yaani ni mlo kamili, si tunda la kushushia mlo. Mwenye sukari anaweza kuonja, pande moja au mawili kulingana na ukubwa, na siku hiyo apunguze wali au ugali kwa kiasi hicho, apime kama ana kipimo nyumbani, na aseme kliniki. Ninalotaka uulize kwa makini zaidi ni figo. Sukari ya miaka mingi huweza kuharibu figo, na doriani lina potasiamu nyingi, miligramu 436 hivi kwa gramu 100, zaidi ya ndizi. Mtu ambaye daktari amempunguzia ndizi kwa sababu ya figo, doriani alitazame tu.

Makokwa yako manne kwenye droo, mwanangu, ni maiti. Kokwa la doriani si kama la mahindi, halivumilii kukauka. Linatakiwa ardhini ndani ya siku chache tangu kutoka kwenye tunda, likiwa bado na unyevu. Na hata yangekuwa hai, Iringa mjini ingeyaua Juni ya kwanza. Mdoriani unataka joto la mwaka mzima, mvua nyingi zisizokatika kwa miezi, na udongo usiosimamisha maji, kwani mizizi ikikaa majini inaoza. Wa kokwa utaungoja miaka saba, kumi au zaidi ndipo uone ua, wa kubebeshwa ni miaka minne au mitano. Kama mna shamba la ukoo kwenye bonde lenye joto na mvua, hapo tutazungumza. Kwenye baridi ya Iringa panda parachichi.

Lakini makokwa usiyatupe siku nyingine. Usiyatafune mabichi, yana mafuta ya aina isiyofaa mwilini, moto ndio unaoyaondoa. Yachemshe na chumvi nusu saa na zaidi, yamenye lile ganda la kahawia, ule kama njugu mawe. Mke wangu huyakaanga vipande vyembamba. Kwa ladha ni kama muhogo unaoteleza kidogo.

Ukija tena msimu wa doriani, usiende Darajani mchana. Panda daladala asubuhi uje upande wa Kizimbani, uulize wanaouza kando ya njia lililodondoka usiku ni lipi. Watakuonyesha tu, na kama kikonyo bado kina unyevu, kaa hapo hapo uombe kisu.